KUVUNJIKA KWA KOLEO SI MWISHO WA UHUNZI: FUNZO KUTOKA KWA JENNIFER HUDSON

Methali hiyo hapo juu tunaiandika katika insha kila muhula, lakini mwanafunzi akiulizwa atoe mfano wa mtu halisi, anabaki kukuna kichwa. Leo nakuletea mfano mmoja, tena wa mtu aliye hai. Soma polepole, kisha ujibu maswali yaliyo mwishoni.

1. YEYE NI NANI?
Jennifer Hudson alizaliwa tarehe 12 Septemba 1981 mjini Chicago, Marekani. Alianza kuimba kanisani akiwa mtoto. Kabla hajajulikana, alikuwa akiwaimbia abiria katika meli ya kitalii ya kampuni ya Disney. Hapo tusipite mbio. Mwimbaji wa melini hangojei siku anayojisikia vizuri. Abiria wamelipa, na kesho jioni wanataka onyesho jingine. Kazi hiyo si mchezo, na ndiyo iliyomkomaza.

2. ALITOLEWA
Mwaka 2004 alijitosa katika shindano la runinga liitwalo American Idol. Huku kwetu shindano la jinsi hiyo lililovuma ni Tusker Project Fame, lililoanza mwaka 2006. Washiriki huimba, majaji hutoa maoni, watazamaji hupiga kura, na aliyekosa kura hufunga virago. Jennifer alitolewa akiwa nambari saba. Mshindi akawa Fantasia Barrino.

Sasa jiulize, kura zile zilipima nini? Zilipima ni nani aliyependwa na watazamaji wiki ile. Hazikupima mtu atafanya nini mwaka ujao.

3. KOLEO JIPYA
Watayarishaji wa filamu ya Dreamgirls walipotafuta mtu wa kuigiza Effie White, mamia ya waimbaji walijaribiwa. Hata Fantasia alikuwa miongoni mwao! Aliyechaguliwa ni yule wa nambari saba. Effie ni mwimbaji anayeondolewa mbele katika kundi lake, na uchungu wa kuondolewa Jennifer alikuwa ameuonja. Filamu ilitoka mwaka 2006, na ilikuwa ya kwanza kwake. Mnamo Februari 2007 alipewa tuzo ya Oscar ya mwigizaji msaidizi wa kike.

Lakini maisha si njia iliyonyooka. Oktoba 2008 mama yake, kaka yake na mpwa wake mdogo waliuawa. Jamani, nani angemlaumu kama angenyamaza milele? Alirudi jukwaani Februari 2009 kuimba wimbo wa taifa katika fainali ya kandanda ya Kimarekani, na mwezi huohuo albamu yake ya kwanza ikapata tuzo ya Grammy.

4. KUTOKA MAIKI HADI KITI
Mwaka 2017 aliketi upande wa pili wa meza, akawa mkufunzi katika shindano la The Voice nchini Uingereza. Mwimbaji wake, Mo Adeniran, akaibuka mshindi. Kisha tarehe 12 Septemba 2022, siku aliyotimiza miaka 41, kipindi chake cha mazungumzo kilianza kuonyeshwa Marekani. Mgeni wa kwanza alikuwa nani? Simon Cowell, mmoja wa majaji wa American Idol wakati ule alipotolewa. Waama, dunia ni duara.

Je, kuimba kunamfaa vipi mwendeshaji wa kipindi? Kwanza, pumzi na sauti. Pili, kusikiliza. Mwanakwaya asiyewasikiliza wenzake huharibu wimbo. Vivyo hivyo mtangazaji asiyesikiliza jibu huuliza jambo ambalo mgeni ameshalieleza. Ila kuna tofauti moja kubwa. Mwimbaji hutazamwa yeye, lakini mwendeshaji wa kipindi humpisha mgeni atazamwe. Katika kipindi cha Jennifer wafanyakazi hujipanga pande mbili za ujia wakimwimbia mgeni anapoingia. Mgeni akifika kitini, hofu imemtoka na ulimi umelegea.

5. TUSIDANGANYANE
Tangu kwaya yetu itolewe katika mashindano ya mwaka huu, wapo wenzetu wanaosema ati hawaji tena mazoezini. Sitawaambia kwamba kila anayeshindwa atatuzwa kesho. Katika mashindano hayo wengi walitolewa na hawakusikika tena. Jennifer hakupata Oscar kwa sababu alishindwa. Alipata kwa sababu mlango wa Dreamgirls ulipofunguka, sauti yake ilikuwa tayari. Angeacha kuimba mwaka 2004, mlango ungefunguka naye hayupo. Mhunzi aliyevunjikiwa na koleo hutafuta jingine, wala hauzimi moto.

Hayo ndiyo ninayotaka tuyachukue: nambari uliyopewa ni ya siku ile, kazi ni ya kila siku.

ZOEZI LA CHAMA
(a) Taja kazi tatu alizofanya Jennifer Hudson, kisha ueleze kila moja ilimfunza nini.
(b) "Majaji na kura hawakosei." Jadili.
(c) Toa methali nyingine mbili zinazoafikiana na habari hii, na moja inayoipinga.
(d) Mkiwa wawili wawili, mmoja awe mgeni na mwingine mwendeshaji wa kipindi. Mwendeshaji asiulize swali la pili kabla hajasikiliza jibu la kwanza.

Mwanachama, Kidato cha Tatu