Genichiro Hakimbiwi: Somo la Kumshinda Bosi wa Sekiro

Ndugu wanachuo, kila gemu ngumu ina sehemu moja ambayo wengi wanafika, wanabanwa, kisha wanaizima na hawairudii tena. Kwenye Sekiro: Shadows Die Twice, sehemu hiyo ni juu kabisa ya ngome ya Ashina, na anayekusubiri pale ni Genichiro Ashina, jamaa mrefu mwenye upanga, upinde mkubwa na dharau usoni. Ukizunguka hostel ukauliza walioiacha gemu hii waliishia wapi, usishangae jina lake likijirudia.

Somo la leo ni kumshinda huyu bwana. Tutaenda hatua kwa hatua, kama tunavyofanya kwenye semina. Mwishoni tutaona kwa nini jambo hili linamhusu hata yule ambaye hajawahi kushika padi ya gemu maishani.

Gemu yenyewe kwa ufupi

Sekiro ilitengenezwa na kampuni ya FromSoftware ya Japani, chini ya mwongozaji Hidetaka Miyazaki. Ilitoka Machi 2019, na mwaka huohuo ikachukua tuzo ya gemu bora ya mwaka kwenye The Game Awards. Hadithi yake iko Japani ya enzi za vita vya makabaila, kwenye nchi ya kubuni iitwayo Ashina. Wewe ni shinobi, mpiganaji wa siri, na kazi yako ni kumlinda kijana aitwaye Kuro, ambaye damu yake inaweza kumfanya mtu asife.

Genichiro anaitaka damu hiyo. Ashina imezingirwa na maadui wenye nguvu kuliko yeye, naye yuko tayari kufanya lolote ili nchi isianguke. Mnakutana naye mwanzoni kabisa mwa gemu, pale anapokukata mkono wa kushoto. Hata ukimzidi kwenye pambano lile, mkono unaenda tu, maana ndivyo hadithi ilivyopangwa. Kwa hiyo mnapokutana tena juu ya ngome, mna deni la zamani.

Jambo la kukumbuka ni kwamba Sekiro haina kitufe cha kupunguza ugumu. Huwezi kuingia kwenye mipangilio ukachagua rahisi, na huwezi kwenda porini kuua askari wadogo mpaka uwe na nguvu za kumponda bosi. Unatakiwa kujua kupigana, basi.

Hatua ya kwanza: elewa kinachohesabiwa

Wengi wanaingia kwa Genichiro wakidhani kazi ni kumaliza uhai wake, kama kwenye gemu nyingine. Wanampiga moja, wanakimbia, wanazunguka, wanarudi kumpiga moja tena. Hapo ndipo wanapopotea.

Kwenye Sekiro kila mpiganaji ana vitu viwili, uhai na mkao. Mkao ni uimara wake wa kusimama mbele ya mapigo. Ukimshambulia bila kumpa nafasi, na ukipangua mapigo yake kwa wakati unaotakiwa, mstari wa mkao wake unajaa. Ukijaa kabisa anafunguka, nawe unampa pigo la kumalizia. Genichiro anahitaji mapigo matatu ya namna hiyo: mawili akiwa amevaa deraya, na la tatu baada ya kuivua.

Sasa sikia vizuri. Ukimkimbia, mkao wake unapona. Ukijificha nyuma ya nguzo kwa sekunde chache ili upumue, na yeye anapumua. Kazi yote uliyofanya inafutika mbele ya macho yako. Ndiyo maana mtu anaweza kupigana naye kwa dakika kumi na asifike popote.

Kuna jambo la pili linaloendana na hilo. Uhai wake ukiwa mwingi, mkao wake unapona haraka, na uhai ukipungua, mkao unapona polepole. Kwa hiyo mwanzoni tafuta mapigo ya kweli ya kumchubua. Akishafika nusu ya uhai, bana hapohapo usimwachie.

Hatua ya pili: kukinga siyo kupangua

Ukishikilia kitufe cha L1 kwenye PlayStation unakinga. Kukinga kunakuokoa, ila mkao wako wewe unajaa. Ukibonyeza L1 wakati upanga wake unakugusa, umepangua. Hapo cheche zinakuwa kubwa, mlio unakuwa mkali, na anayeumia mkao zaidi ni yeye. Tena ukipangua sawasawa, mkao wako hauvunjiki hata kama mstari umeshajaa.

Usifanye mchezo wa kubonyezabonyeza L1 hovyo ukitegemea bahati. Gemu inakugundua, na kila unavyobonyeza ovyo, muda unaohesabiwa kuwa umepangua unafinywa. Pigo moja, bonyezo moja.

Masikio nayo yana kazi hapa. Unapomshambulia, atakinga mara moja, mara mbili. Kisha utasikia ule mlio mkali na kuona cheche kubwa upande wake. Maana yake yeye ndiye aliyekupangua, na sasa ni zamu yake. Acha kushambulia, weka kidole kwenye L1, subiri. Anayeendelea kupiga baada ya mlio ule ndiye anayekula upanga wa kifua. Pambano zima linakwenda kwa kupokezana hivyo, kama kiongozi wa wimbo na waitikiaji, na ukishausikia mpigo wake hutahitaji tena kukodoa macho.

Hatua ya tatu: yajue mapigo yake

Genichiro ana mapigo machache. Anakutisha kwa sababu anayachanganya. Haya ndiyo ya kushika:

1. *Mvua ya mapanga.* Anakuja na mfululizo wa mapigo ya haraka. Usirudi nyuma, maana atakufikia tu. Simama, hesabu, pangua moja baada ya jingine. Ukikosa mawili na kupata manne, bado uko salama.

2. *Mshale.* Akikaa mbali anapiga upinde. Unaweza kuupangua mshale kama upanga, ila dawa kubwa ni kutokuwa mbali naye. Na chonde chonde, usinywe dawa ya kibuyu mbele yake ukiwa umesimama wazi. Akikuona tu unanyanyua kibuyu, mshale unakuja. Kunywa baada ya kumpa pigo la kumalizia, au pale anapokuwa amemaliza mfululizo na kurudi nyuma.

3. *Kuruka na kushuka na upanga.* Pangua au sogea pembeni. Lakini usishangilie, kwa sababu mara nyingi baada ya kushuka kinafuata kimoja kati ya viwili vifuatavyo, na vyote vinatanguliwa na alama nyekundu ileile juu ya kichwa chako.

4. *Mchomo.* Anavuta upanga nyuma, ncha ikikuelekea wewe. Kama umejifunza ujuzi wa Mikiri, bonyeza kitufe cha kukwepa ukielekea kwake. Shinobi wako ataukanyaga upanga chini, na mkao wa Genichiro utaumia vibaya. Wengi wanashindwa hapa kwa sababu mwili unakataa: upanga unakuja, nawe unaambiwa uufuate.

5. *Fyeko la miguu.* Anainama, upanga unapita chini. Huu haukingiki. Ruka, na ukiwa hewani bonyeza kuruka tena umkanyage kichwani.

Ukiangalia vizuri utaona kwamba alama nyekundu haikwambii ufanye nini. Inakwambia tu kuna hatari. Jibu liko kwenye mwili wake: ncha mbele ni mchomo, kainama ni fyeko. Anayeitazama alama anakufa, anayemtazama Genichiro anaishi.

Fataki za mkono wa bandia zinaweza kumshtua kidogo ukapata mapigo mawili matatu ya bure. Tumia ukizihitaji. Ila hakuna kifaa kitakachopigana badala yako.

Hatua ya nne: radi

Ukishampa pigo la pili, unaona kama umemaliza. Bado. Anasimama tena, deraya imevuliwa, na sasa anatumia radi. Wanaofika hapa kwa mara ya kwanza wengi wanazimwa na pigo moja.

Kumbe radi ndiyo zawadi kubwa kuliko zote. Kanuni yake ni kwamba radi ikikukuta miguu iko chini, umeungua. Ikikukuta hewani, unaibeba. Ukibonyeza kitufe cha kupiga kabla hujatua, unamrudishia, naye anaganda kwa muda huku uhai wake ukishuka sana. Kwa hiyo ukiona ameruka juu na upanga unametameta, ruka, pokea, rudisha, yote kabla miguu haijagusa chini.

Mapigo mengine mengi ya raundi hii ni yaleyale uliyokwisha kuyajua. Kitu kipya kikubwa ni radi, na ina jibu.

Mpango wa mazoezi

Kabla hujapanda ngome, nenda kwenye hekalu lililochakaa umtafute Hanbei. Huyu ni mtu asiyeweza kufa, na amekubali kuwa mtu wa kufanyia mazoezi. Pangua naye, na ukishapata Mikiri, irudie mpaka mkono ufanye bila kuuliza akili.

Pesa zako zigeuze kuwa mifuko ya fedha kwa wauzaji, kwa sababu ukifa kabisa unaweza kupoteza nusu ya pesa ulizoshika mkononi, lakini mifuko haipotei.

Kisha ingia kwa Genichiro, na raundi tano za mwanzo usijaribu kushinda. Kinga na pangua tu. Kila ukifa, jiulize swali moja: nimekufa kwa pigo gani? Andika kwenye karatasi. Baada ya raundi tano utaona kwamba hufi kwa mapigo yote, unakufa kwa mawili. Sasa una kazi ya kujifunza vitu viwili, siyo kumshinda bosi mzima.

Na ukicheza dakika arobaini mikono ikaanza kuchoka, zima. Mkono uliochoka unajifunza makosa. Kesho utashangaa jambo lililokushinda jana linakuja lenyewe.

Hili linatuhusu vipi?

Genichiro ni mtihani wa katikati ya muhula. Hakuulizi kitu ambacho gemu haijakufundisha. Kupangua ulifundishwa tangu mwanzo, fyeko na mchomo ulishavikuta kwa askari wa njiani, ila pale uliweza kupita kwa ujanja ujanja, kwa kukimbia au kuvizia nyuma. Yeye ndiye wa kwanza kukataa ujanja huo. Na mbele kuna bosi wa mwisho, Isshin, ambaye katika miisho mingi ya gemu unamkuta baada ya kumpiga Genichiro mara nyingine, na hatua yake ya mwisho inatumia radi pia. Uliyepita kwa bahati utakamatwa kule.

Sasa tazama tunavyosoma. Mtu amepata supu, anarudi na noti zilezile, anazisoma kwa namna ileile, usiku uleule wa mwisho, akitegemea matokeo tofauti. Hajawahi kuiomba karatasi yake ya majaribio akaangalia alikufa kwa swali gani. Hofu inamfanya akimbie somo linalomtisha, na kila akilikimbia, linapona nguvu.

Hata hivyo tusigeuze somo hili kuwa fimbo ya kuchapia wenzetu. Gemu hii ilipotoka, ulizuka mjadala mkubwa kama ilipaswa kuwa na kiwango rahisi, na wenye ulemavu wa mikono au macho walikuwa na hoja ya kweli: mtu anaweza kuelewa kila kitu nilichoeleza hapa na bado kidole kisifike kwa wakati. Chuoni ni vivyo hivyo. Si kila aliyedisko alikuwa mvivu. Wapo waliosoma bila bumu, wapo waliouguza, wapo walioingia chumba cha mtihani bila kula. Anayekwambia "komaa tu" bila kukuuliza unabanwa na nini, hajakusaidia chochote.

Basi ukimwona mwenzako amekwama, kwenye gemu au kwenye hesabu, usimcheke na usimnyang'anye padi umchezee. Kaa pembeni yake, mtazame raundi mbili tatu, halafu mwambie pigo gani linamuua. Mengine atayafanya mwenyewe.