Msimulizi wa Kerry

Zamani, katika vijiji vya Ayalandi, walikuwako watu waliohifadhi moyoni hadithi za wazee wao, wakawasimulia majirani. Mtu wa namna hii huitwa seanchaí kwa lugha ya Kiayalandi. Katika karne ya 20 mmoja aliyepata sifa kubwa alikuwa Éamon Kelly.

Kelly alizaliwa mwaka 1914 katika wilaya ya Kerry, upande wa kusini-magharibi wa nchi ile. Baba yake alikuwa seremala, na nyumba yao ilikuwa baraza ya majirani. Usiku wa majira ya baridi watu walikuja wakaketi penye moto, wakazungumza na kucheka. Naye mtoto alikaa kimya akisikiliza. Alipopata umri wa miaka 14 aliacha shule, akajifunza useremala kwa baba yake. Wakazunguka wakijenga nyumba, na kila walipofanya kazi Kelly alisikia visa vipya, akaviweka akilini.

Lakini hakuridhika na elimu ile ndogo. Baada ya kazi za mchana alisoma masomo ya usiku katika mji wa Killarney, hata akawa mwalimu wa useremala. Alipokuwa akifundisha Listowel alijiunga na kundi la waigizaji, na huko akampata mkewe, Maura O'Sullivan. Mwaka 1952 akahamia Dublin, akaingia katika waigizaji wa redio ya taifa.

Miaka ile vijiji vilikuwa vikipungua watu. Kati ya mwaka 1951 na 1961 watu wapatao 400,000 waliihama Ayalandi kwenda kutafuta kazi, wengi wao Uingereza. Nyumba nyingi zilifungwa, na mioto ya mazungumzo ikazimika. Ilionekana kana kwamba hadithi nazo zitakufa. Basi Kelly akazisimulia redioni. Alisema polepole, kwa matamshi ya Kerry, bila kucheka mwenyewe. Wasikilizaji ndio waliocheka. Hivyo redio, iliyodhaniwa kuwa adui wa msimulizi, ikaipeleka sauti yake katika maelfu ya nyumba.

Mwaka 1964 alipewa kazi ngumu katika mchezo wa Brian Friel uitwao Philadelphia, Here I Come! Ndani yake kijana anajiandaa kuhamia Marekani, na baba yake, mwenye duka, anampenda lakini hawezi kumwambia. Kelly, aliyeishi kwa wingi wa maneno, ndiye aliyekuwa baba huyo mnyamavu. Akaucheza hata New York mwaka 1966, akasifiwa sana. Maana ajuaye thamani ya neno hujua pia uzito wa kunyamaza.

Mwaka 1975 alisimama peke yake jukwaani Dublin katika mchezo wake In My Father's Time, akiwachekesha watu kwa visa vya zamani. Aliandika pia vitabu, na kimoja, The Apprentice, chaeleza maisha ya ujana wake. Alifariki mwaka 2001.

Ndiyo maana wahenga walisema, Akiba haiozi. Seremala yule aliweka akiba ya maneno ya wazee wake, na taifa zima likaila.

Maswali
1. Kelly alipata wapi hadithi zake?
2. Kwa nini hadithi za vijijini zilikuwa karibu kupotea?
3. Andika kisa kimoja cha kuchekesha ulichosimuliwa na mzee wa kwenu.