Ree, Kopa na Mzungu wa Nne: Historia Iliyohifadhiwa katika Majina ya Karata

Makala haya yalianzia mezani kabla ya kufika maktabani. Wakati wa likizo nilikuwa nyumbani Londiani, mji wa baridi na ukungu ulio kwenye reli itokayo Nakuru kuelekea Kisumu. Mvua inyeshapo jioni, nayo hunyesha mara nyingi, vijana wa bodaboda hukimbilia kibanda cha chai wakacheza kadi. Karata yenye alama moja wao huiita "esi", zile zenye umbo la majani matatu huziita "maua", na anayekaribia kumaliza karata zake sharti atangaze, "Niko kadi!" Siku moja alijiunga nasi mzee mmoja mzaliwa wa Mombasa, mstaafu wa reli. Akaweka karata mezani na kusema, "Ree ya shupaza." Hakuna aliyemwelewa. Nilipomwuliza maana yake alinitazama kwa mshangao. "Mwanangu, si wewe wanayesema unasomea Kiswahili?"

Swali lile lilinirudia baadaye katika kikao cha chama chetu, tulipokuwa tukijadili orodha ya istilahi za michezo. Wengi waliunga mkono pendekezo kwamba maumbo manne ya karata yaitwe moyo, almasi, jembe na ua. Walidai kuwa majina ya kamusi, yaani kopa, uru, shupaza na pau, hayafanani na picha, na kwamba mwanafunzi wa bara hayajui. Hoja hiyo ina uzito, nami siku hiyo sikuwa na jibu.

Maumbo manne

Ni kweli kwamba majina hayo hayafanani na picha. Hata hivyo, tuulize ni kwa nini. Neno karata lenyewe ni la Kireno, kama yalivyo meza, bendera na gereza. Wareno walifika pwani yetu mwaka 1498 na wakaanza kujenga Ngome ya Yesu mjini Mombasa mwaka 1593. Katika lugha yao maumbo ya karata ni copas, yaani vikombe. Ouros, yaani dhahabu. Espadas, yaani panga. Na paus, yaani fimbo. Kopa, uru, shupaza na pau ni maneno hayo hayo, yakiwa yamevaa sauti za Kiswahili. Moyo, almasi na maua tunayoyaona leo ni michoro ya Kifaransa ya karne ya 15, ambayo ilisambaa kwa kuwa ilikuwa rahisi kuchapa. Picha zilibadilika, majina yakabaki.

Wareno nao hawakuyabuni. Karata ziliingia Ulaya katika miaka ya 1370 kutoka nchi za Kiislamu. Katika jumba la makumbusho la Topkapı mjini Istanbul zimehifadhiwa karata za Wamamluki wa Misri zenye vikombe, dinari, panga na fimbo za mchezo wa polo. Watu wa Ulaya hawakuujua mchezo wa polo, basi fimbo zile wakazichora kama magongo tu. Karata kubwa za Wamamluki hazikuwa na picha za watu. Ziliandikwa majina ya vyeo: maliki, naibu wa maliki na naibu wa pili. Kutokana na "naibu" huyo Wareno walipata neno naipe, wanaloliita umbo la karata hadi leo. Sisi tulilipokea neno hilo hilo moja kwa moja kutoka Kiarabu, tukalipeleka ofisini.

Kwa hiyo anayesema "jembe" anakosea mara mbili. Hata neno la Kiingereza "spade", linapotaja karata, limetokana na upanga wa Kiitaliano au wa Kihispania. Kifaa cha kuchimbia hakihusiki.

Mzungu wa ngapi?

Karata zenye sura za watu kamusi zetu huziita wazungu: mzungu wa pili ni malkia, mzungu wa tatu ni ghulamu, na mzungu wa nne ni mfalme. Wapo wanaoona hapa kejeli dhidi ya ukoloni. Labda, kwani sura zilizochorwa ni za Kizungu kweli. Lakini kwa nini malkia awe chini ya ghulamu? Na wa kwanza yuko wapi?

Naona jibu liko katika hesabu. Katika michezo ya Kireno kama bisca na sueca, karata yenye alama moja ina pointi 11, saba ina 10, mfalme 4, ghulamu 3 na malkia 2. Tuweke majina yetu kando ya pointi hizo: yanalingana bila kubakiza. "Wa nne" ni thamani yake mchezoni. Malkia naye yuko chini kwa sababu katika karata za kale za Kireno mwanamke alikuwa sura ya mwisho, juu yake mpanda farasi, kisha mfalme. Ree nalo limetokana na rei, yaani mfalme. Kwetu likahamia kwenye karata yenye alama moja, inayomshinda mfalme mwenyewe. Nilipomweleza mzee wa Londiani hesabu hii alicheka. Yeye alizihesabu hivyo tangu utotoni, na hakuwahi kudhani kuna la kueleza.

Turufu na taroti

Turufu imetokana na trunfo ya Kireno, nayo na trionfo ya Kiitaliano, yaani ushindi. Hilo ndilo lililokuwa jina la kwanza la karata za taroti, zilizotokea Italia kaskazini karibu na mwaka 1440: karata za vikombe, dinari, panga na fimbo, zikiongezewa picha 22 za kushinda nyingine zote. Ulikuwa mchezo tu. Ni mwaka 1781 ambapo Mfaransa Antoine Court de Gébelin alidai kuwa picha hizo ni hekima ya siri ya makuhani wa Misri, na hapo hapakuwa bado na mtu aliyeweza kusoma maandishi ya kale ya Misri; Champollion aliyafumbua mwaka 1822. Uaguzi wa taroti ulistawi juu ya dai hilo. Pwani yetu aliyetaka kujua ya kesho alikuwa na ramli na falaki. Turufu kwetu ilitoka mchezoni ikaingia katika siasa.

Katika kikao kijacho nitapendekeza kopa, uru, shupaza na pau vibaki kama vidahizo, kila kimoja na asili yake. Kwenye pau nitaomba iongezwe "pia maua", kwa kuwa ndivyo wasemavyo vijana wa Londiani, nao pia ni wasemaji wa Kiswahili.