SOMO LA WIKI: Kusoma ramani ya gesi ya Mtwara kabla ya kutoa fedha

MFANYABIASHARA anayetaka kununua kiwanja, kufungua ghala au kuweka akiba yake katika hisa zinazohusu gesi ya kusini anahitaji ramani tatu, si moja. Ya kwanza ni ya leseni, ya pili ya visima na mabomba, na ya tatu ya mazingira. Kila moja husema ukweli nusu. Zikipangwa moja juu ya nyingine ndipo faida na hasara huonekana.

Ramani ya leseni

Ramani hii huonyesha vitalu kwa rangi, na rangi hizo zimewapoteza wengi. Kitalu cha utafutaji ni ruhusa ya kutafuta tu. Mali bado haijaonekana. Mwaka 2014 kampuni ya Swala iliuza hisa kwa umma kwa shilingi 500 kila moja na kuorodheshwa katika Soko la Hisa la Dar es Salaam. Leseni zake za Kilosa-Kilombero na Pangani zilikuwa za utafutaji. Mnunuzi wa hisa za namna hiyo ananunua tumaini, na bei ya tumaini hupanda na kushuka upesi.

Hata gesi ikigunduliwa, bado si bidhaa. Gesi ya Ghuba ya Mnazi iligunduliwa na Agip mwaka 1982, lakini ilianza kutumika kuzalisha umeme wa Mtwara mwishoni mwa mwaka 2006. Kwa miaka 24 ilikaa chini kwa kuwa hapakuwa na mtambo wala mnunuzi wa karibu.

Hali ya kina kirefu cha bahari inafanana na hiyo. Tanzania inakadiriwa kuwa na gesi futi za ujazo trilioni 57, na sehemu kubwa iko huko, iligunduliwa kuanzia mwaka 2010. Mtambo wa kuisindika iwe kimiminika umepangwa kujengwa Likong'o, Lindi, lakini mazungumzo yamechukua miaka mingi. Aliyekopa benki ajenge nyumba ya wageni kwa kutegemea mtambo huo analipa riba kila mwezi, wakati wageni bado hawajafika.

Ramani ya visima na mabomba

Hii ndiyo inayoonyesha fedha inayotembea. Gesi ya Mnazi husafishwa Madimba, kisha husafirishwa kwa bomba la zaidi ya kilometa 500 hadi Dar es Salaam, lililokamilika mwaka 2015 kwa mkopo kutoka China. Mwaka 2013 wananchi wa Mtwara walipinga mpango huo, na ghasia zikagharimu maisha na mali. Swali lao lilikuwa la kibiashara pia: bidhaa ikipita bila kusindikwa nyumbani, muuzaji wa nyumbani anabaki na nini?

Jibu huonekana kwenye ramani hiyo hiyo. Palipo na tawi la bomba pana mteja, kama kiwanda cha saruji cha Dangote mkoani Mtwara. Bomba linapopita tu, kinachobaki kwa wenyeji ni ukanda usioruhusiwa kujengwa. Mnunuzi wa kiwanja aulize ofisi ya ardhi kwanza.

Ramani ya mazingira

Visima vya Msimbati vimo ndani ya eneo la Hifadhi ya Bahari ya Ghuba ya Mnazi na Maingilio ya Mto Ruvuma, iliyotangazwa mwaka 2000 ikiwa na kilometa za mraba 650 hivi. Humo mna matumbawe, kasa, na mikoko ambayo ni mazalio ya kamba na samaki. Mikoko ikikatwa kupisha njia, au tope la uchimbaji likifunika matumbawe, hasara haitaonekana katika hesabu za kampuni ya gesi. Itaonekana kwa mchuuzi wa pweza ambaye ndoo yake hairudi imejaa.

Hata hivyo, si kila uharibifu wa pwani hii unatokana na gesi. Uvuvi wa baruti umebomoa matumbawe kwa miaka mingi. Ndiyo maana ni muhimu kupima hali ya mahali kabla mradi haujaanza. Bila kipimo cha awali hakuna anayeweza kudai fidia kwa ushahidi. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 inataka miradi mikubwa ifanyiwe tathmini ya athari.

Kuna athari nyingine isiyo na mpaka. Gesi ikichomwa hutoa hewa ya ukaa kama nusu tu ya ile ya makaa ya mawe. Lakini ikivuja bila kuchomwa, methani yake huongeza joto la dunia mara 80 na zaidi kuliko hewa ya ukaa, ikipimwa kwa miaka 20. Wanunuzi wa nje sasa huulizia uvujaji, hivyo bomba bovu ni hasara ya soko pia.

Maswali ya kuuliza

Kabla ya kutoa fedha, mwekezaji mdogo aulize: Leseni ni ya kutafuta au ya kuzalisha? Mnunuzi wa gesi ni nani, na bomba limefika? Tathmini ya mazingira imefanyika? Nani atalipa bahari ikiharibika? Swali lisilo na jibu lihesabiwe kuwa gharama, na bei ishushwe kwa kiasi hicho.