SOMO LETU: KIOO CHA PILI CHA KOMPYUTA NA FAILI ZA MAKTABA



Sisi wa Wanyange tumezoea kuona malori ya miwa yakielekea Kakira. Miwa haishushwi kiwandani kabla ya lori kupanda mizani. Zamani karani aliandika uzito kwa kalamu. Leo kwenye mizani nyingi kazi hiyo inafanywa na kompyuta.

Tuseme kompyuta ya mizani ina vioo viwili. Kimoja kiko mbele ya karani. Cha pili kiko dirishani, ili dereva, mkulima na msimamizi wa wakataji wasome uzito kwa macho yao. Kioo hicho ni shahidi wetu. Asubuhi moja tunakikuta cheusi. Karani anasema: "Kimekufa. Nitawasomea mimi." Je, kimekufa kweli?

1. Picha hupitaje katika waya wa USB?

Kompyuta nyingi zina tundu moja tu la kioo cha nje. Kwa hiyo kioo cha pili mara nyingi huunganishwa kwa USB, tundu lililoanza mwaka 1996 kwa ajili ya vifaa kama kibodi na printa.

Tupige hesabu. Kioo cha kawaida kina nukta 1,920 kwa upana na 1,080 kwa kimo, yaani nukta 2,073,600. Kila nukta inahitaji biti 24, na picha huonyeshwa mara 60 kila sekunde. Jumla ni karibu biti milioni 3,000 kwa sekunde. Lakini USB 2.0 ya mwaka 2000 haipitishi zaidi ya biti milioni 480. Mzigo ni mkubwa kuliko njia.

Basi programu huchagua sehemu za picha zilizobadilika tu, huzibana, kisha huzituma. Kifaa kidogo upande wa pili hufungua mzigo na kuuonyesha. Kampuni iliyojulikana sana kwa kazi hii ni DisplayLink, iliyoanzishwa Cambridge, Uingereza, mwaka 2003, na kununuliwa na Synaptics ya Marekani mwaka 2020.

2. Faili ya maktaba ni nini?

Fikiria stoo ya vifaa kiwandani. Fundi umeme na fundi mitambo hawatengenezi kila mmoja nyundo yake; wote huazima stoo. Faili ya maktaba ni stoo ya namna hiyo: ina kazi zilizokwisha tayarishwa, na programu nyingi huziazima. Katika Windows jina lake huishia na .dll, katika Linux,.so.

Katika Linux, picha ya USB ya DisplayLink hupita mikono mitatu:

(a) evdi, iliyo ndani ya kiini cha mfumo, huifanya kompyuta iamini kwamba kuna kioo kingine;
(b) libevdi, faili ya maktaba, huichukua picha hiyo na kuikabidhi;
(c) programu ya msimamizi huibana picha na kuituma kwenye waya.

Ni kama watu wanaopokezana matofali. Mmoja akiondoka, tofali halifiki.

3. Kwa nini kioo huwa cheusi?

Mara nyingi kiini cha mfumo kimebadilishwa kwa toleo jipya, lakini evdi haikujengwa upya ili ilingane nacho. Kioo ni kizima na waya ni mzima; mkono mmoja tu umekosekana. Jaribio ni rahisi: unganisha kioo hicho kwenye tundu la kawaida la kompyuta nyingine. Kikiwaka, hakijafa.

Dawa ni fundi aliyeruhusiwa kuweka upya programu kutoka kwa mtengenezaji. Msichukue faili moja ya .dll mahali msipopajua, maana huenda imebeba virusi.

Tukumbuke pia: kioo hakipimi, kinaonyesha tu. Mizani inaendelea kupima hata kioo kikiwa cheusi. Kinachopotea ni haki yetu ya kuona.

4. Ufunguo uko kwa nani?

evdi na libevdi ziko wazi: fundi yeyote anaweza kuzisoma na kuzirekebisha. Programu ya msimamizi imefungwa. Ni mali ya kampuni. Anayeitegemea humngoja mwenyewe aitengeneze.

5. Tufanye nini?

Kioo kikizimika, tudai karatasi ya uzito iliyochapwa kwa kila lori. Tuandike siku na saa kilipozimika na kilipowaka. Tuchague mwenzetu mmoja ajifunze mambo haya, ili neno "kimekufa" lisitufunge mdomo.

Maswali ya kujadili tawini:
- Kwa nini picha hubanwa kabla ya kupita USB?
- Ni mikono gani mitatu inayoipokeza picha?
- Hapa kazini kwetu, nani anaona uzito, na nani anasomewa tu?