Sakafu Mpya, Mlango wa Zamani

Siku hizi wengi wetu hapa Gwata tunaacha sakafu ya udongo. Tunaweka sakafu ya saruji. Wenye nyumba za saruji nao wanaweka vigae juu yake. Kazi hii hula fedha nyingi. Ikiisha, mwenye nyumba hufurahi. Kisha hujaribu kufungua mlango wa chumba, na mlango haufunguki.

Kwa nini? Sakafu imepanda, mlango haukupanda. Kigae kina unene wa karibu sentimita 1. Chini yake fundi huweka mchanganyiko wa saruji na mchanga, pengine sentimita 2 au 3. Ukijumlisha, sakafu imepanda sentimita 3 au 4.

Jambo hili lilitupata nyumbani kwetu. Tuliweka sakafu ya saruji katika chumba cha baba. Mlango ukawa unakwaruza kidogo. Tukasema, si neno, utazoea. Mlango hauzoei. Kila siku tuliusukuma kwa bega. Parafujo za bawaba ya juu zikalegea, mlango ukainama, ukakwaruza zaidi. Usiku mmoja baba aliumwa sana. Tulimweka juu ya kiti tumpeleke zahanati. Mlango ukafunguka nusu, ukakwama. Wawili tumeshika kiti, baba anahema, na hatuna pa kupita. Kaka yangu alitafuta bisibisi gizani. Akafungua parafujo zote, tukautoa mlango mzima. Baba alipona, lakini muda ule sijausahau.

Basi pima mlango kabla ya kuweka sakafu.

Kama sakafu yako ni ya udongo, pengine huna haja ya kuugusa mlango. Chimba udongo wa ndani kwa kina kinacholingana na unene wa sakafu mpya. Sakafu itaishia pale pale ilipokuwa ile ya zamani. Lakini kama nyumba ni ya miti na udongo, usichimbe karibu na nguzo.

Kama unaweka vigae juu ya saruji, fanya hivi. Chukua kigae kimoja na kipande cha ubao chenye unene wa ule mchanganyiko. Viweke sakafuni, kimoja juu ya kingine, mbele ya mlango uliofungwa. Piga alama ya penseli mlangoni, usawa wa juu ya kigae. Halafu ongeza sentimita 1 juu ya alama hiyo. Hapo ndipo pa kukata. Nafasi ikiwa ndogo zaidi, punje za mchanga zitakwaruza. Ikiwa kubwa, ng'e na panya wataingia, hata nyoka. Tazama pia sakafu yote ambayo mlango hupita unapofunguka. Mara nyingi sakafu si sawasawa, na mlango hukwama katikati ya safari yake. Pima mahali palipoinuka zaidi.

Kabla ya kukata, utazame mlango wenyewe. Mlango wa mbao za kusimama hauna matata, mradi usifike kwenye ubao wa kulala ulioshikilia mbao hizo. Mlango wa plaiwudi mara nyingi ni mtupu ndani. Chini una ubao mwembamba tu. Ukiukata ubao huo wote, mlango utaachana. Mwulize seremala kwanza. Milango ya kabati lililojengwa ukutani ni vivyo hivyo.

Wakati wa kuutoa mlango, mtu mmoja aushike. Fungua bawaba ya chini kwanza, kisha ya juu. Ukianza na ya juu, mlango utakuangukia. Ulaze juu ya meza. Chora mstari kwa kisu ili mbao zisichanike, kisha ukate kwa msumeno. Malizia kwa randa, ukitoka pembeni kwenda katikati. Ukiisukuma randa mpaka nje ya ukingo, utapasua mbao.

Sasa lipo jambo ambalo hata mafundi wengine huliacha kwa sababu ya haraka. Paka rangi ya mafuta pale ulipokata, kabla ya kurudisha mlango. Ncha ya ubao hunywa maji kuliko ubavu wake. Kila ukipiga deki, mlango utakunywa maji kutoka chini, na baada ya muda utaoza. Huko chini hakuna anayepaona, kwa hiyo msimamie fundi mpaka apake.

Na mlango unaokwaruza wakati wa masika tu? Huo usiukate chini. Mbao zikipata unyevu hupanuka kwa upana, urefu wake haubadiliki sana. Utaona mlango unabana kwenye mwimo, pembeni. Ngoja kiangazi. Ukiendelea kubana, upunguze ubavu kwa randa, kidogo kidogo. Kama unakwaruza chini upande wa kitasa tu, tazama bawaba ya juu. Huenda imelegea, na dawa yake ni parafujo ndefu zaidi.

Zoezi la hesabu

Chini ya mlango wa Mama Fulani pana nafasi ya sentimita 1. Anataka kuweka mchanganyiko wa sentimita 2 na kigae cha sentimita 1. Anataka ibaki nafasi ya sentimita 1. Akate sentimita ngapi? Chora picha ya mlango huo, andika vipimo vyake, kisha umwonyeshe mwenzako.