Jinsi ya Kusoma Kitabu cha Picha

Watu wengi hudhani kwamba kitabu cha picha si cha kusoma, bali ni cha kufunua-funua na kukiweka. Sivyo hata kidogo. Picha nayo husomwa, na pengine msomaji huijua kuliko aliyeipiga, hasa ikiwa ilipigwa kwao.

Tuchukue mfano wa nchi ya Turkana, kaskazini-magharibi mwa Kenya. Mwaka 1971 Bibi Mirella Ricciardi, mzaliwa wa Kenya, alitoa kitabu kiitwacho Vanishing Africa, maana yake Afrika Inayotoweka, na Waturkana wamo pamoja na makabila mengine. Mwaka 1981 Bwana Mohamed Amin, mpiga picha mashuhuri wa Nairobi, alitoa Cradle of Mankind, juu ya ziwa na watu wa kando yake. Mwaka 1997 Bwana Nigel Pavitt akatoa kitabu kizima juu ya Waturkana. Ni vitabu vizuri, lakini ni vya bei kubwa, kwa hiyo si rahisi kuvikuta Lodwar au Kakuma.

Tuseme kimoja kimefika Lowarengak, kijiji cha wavuvi na wafugaji ufukoni mwa ziwa hilo, na mwalimu amekifunua mbele ya wazee na vijana. Yawapasa kufanya nini?

Kwanza watafute mwaka. Mara nyingi haukuandikwa, lakini dalili zipo. Ziwa likiitwa Rudolf, yaelekea maneno hayo yaliandikwa kabla ya mwaka 1975, lilipopewa jina la Turkana. Ufuko nao waweza kumpoteza mtu: katika miaka ya 1980 maji yalipungua hata Ghuba ya Ferguson, karibu na Kalokol, ikakauka, na katika miaka ya karibuni yamepanda tena yakafunika makazi na malisho. Asiyejua mwaka aweza kuapa kwamba hapo ni mahali pengine.

Kisha watazame vitu. Mzee amekalia kigoda kidogo cha mti. Mgeni huona kigoda tu, lakini Mturkana huona ekicholong, ambacho mchana hukaliwa na usiku huwekwa chini ya shingo. Zamani kilisaidia pambo la udongo na manyoya ya mbuni kichwani lisiharibike. Kijana asiyelijua hilo na amwulize babu yake papo hapo.

Wapiga picha wengi hupenda uso wa mtu mmoja, shanga zimejaa shingoni, nyuma yake mbingu tupu. Uso huo wapendeza, lakini maisha ya huko hayaendeshwi na mtu mmoja. Wakati wa kiangazi watu huchimba kisima katika mchanga wa mto mkavu, na kikiwa kirefu husimama mmoja juu ya mwenzake, wakipokezana maji mpaka yafike kwa mifugo. Picha ya namna hiyo yafaa kutazamwa kwa muda mrefu. Kisima ni cha nani? Mifugo ya nani hunywa kwanza? Kamera haiwezi kujibu, mwenyeji aweza.

Upungufu mkubwa ni majina. Mara nyingi chini ya picha huandikwa "msichana wa Kiturkana", basi, na jina la mpiga picha liko jaladani. Msichana wa mwaka 1971, akiwa hai, leo ni bibi mwenye wajukuu, na wanaoweza kumtambua hupungua kila mwaka. Hesabu ya watu ya mwaka 2019 ilikuta watu zaidi ya 900,000 katika Kaunti ya Turkana. Kama kuna kilichotoweka, ni majina hayo.

Basi mtu akitambuliwa, msiandike juu ya picha, kwani wino huharibu karatasi laini. Chukueni karatasi nyingine, mwandike nambari ya ukurasa, jina lake, jina la baba yake, mahali, na jina la aliyetoa habari, kisha mwiweke ndani ya kitabu. Aliye hai aulizwe kwanza kama aridhia. Na wazee wawili wakipingana, andikeni maneno ya wote wawili.